Mbona Seti Haitishi? Dalili, Vyanzo na Tiba kwa Filamu ya Kutisha Yenye Bajeti Finyu

Ukiitazama picha uliyopiga ukahisi kuna kitu hakijakaa sawa lakini hujui ni nini, usikimbilie kununua fuvu jingine. Mara nyingi tatizo si upungufu wa vitu kwenye seti, yaani mahali palipopangwa kwa ajili ya kupiga filamu. Mtazamaji haogopi mahali asipopaamini. Kabla hajaogopa lazima akubali kwamba kuna mtu anaishi humo, anapika, analala, na anatundika funguo palepale kila siku. Imani hiyo ikivunjwa na jambo dogo tu, mwigizaji hata alie machozi ya kweli hatasaidia.

Kwa hiyo tunaanza na dalili, yaani kile kinachoonekana kwenye skrini, kisha tunarudi nyuma kutafuta chanzo. Kwa dalili yoyote ile hatua ya kwanza haibadiliki: tazama kupitia kamera yenyewe, ikiwa na lenzi itakayotumika na taa zitakazotumika. Ukisimama katikati ya chumba macho yako yanakudanganya. Yanazoea giza, yanazunguka huku na huku, na yanajua kilichoko nyuma yako. Kamera haina uwezo huo hata kidogo.

Chumba ni bapa, hata kikijazwa vitu

Anza na kuta. Ukuta mweupe au wa krimu hurudisha mwanga kila upande, kwa hiyo ile taa moja uliyoiweka kwa uangalifu inakuwa imemulika chumba kizima. Mpiga picha akipunguza mwanga, uso wa mwigizaji ndio unaozama kwanza, hasa mwenye ngozi nyeusi, huku ukuta ukibaki unang'aa nyuma yake.

Jipime hivi. Ziba madirisha, zima taa zote, washa moja pembeni, kisha tazama kona ya mkabala kupitia kamera. Kama bado unaona kila kitu kwenye kona hiyo, umekipata chanzo. Rangi ya maji isiyong'aa, yenye kina cha wastani, kwa mfano kijivu kinachoelekea kijani, kahawia iliyofifia au bluu iliyochafuka, itakusaidia kuliko mapambo ya chumba kizima. Usifike kwenye nyeusi. Ukuta mweusi unazimeza nywele na mabega ya mwigizaji, na chumba kinapoteza umbo. Rangi ya mafuta nayo iepuke, kwa sababu kila taa itaacha doa jeupe juu yake. Kama mwenye nyumba hataki kusikia habari za rangi, tundika pazia zito, hamishia kabati la mbao upande unaoonekana, au geuza kamera ielekee upande wa mlango ulio wazi.

Kuta zikiwa sawa na picha bado ni bapa, chanzo ni umbali. Wengi hupanga samani jinsi zinavyopangwa nyumbani, zikiwa zimegusa ukuta. Zivute mbele, mita moja na nusu ikiwezekana. Kivuli cha mwigizaji kitaanguka sakafuni badala ya kumganda mgongoni, na nyuma yake patapatikana nafasi ambayo mtu mwingine angeweza kusimama. Mtazamaji ataihisi nafasi hiyo hata kama hakuna aliyesimama hapo.

Halafu weka kitu karibu na lenzi: mgongo wa kiti, mhimili wa mlango, ukingo wa pazia. Kitaficha sehemu ya chumba ambayo hukuwa na fedha ya kuipamba, na kitamfanya mtazamaji ajione anachungulia. Kati ya mbinu zote za bei nafuu hii ndiyo ninayoipenda zaidi, na ndiyo inayosahaulika haraka siku ya kupiga picha ratiba inapobana.

Giza limegeuka ukungu wa kijivu

Kamera ndiyo hulaumiwa, lakini mara nyingi kosa liko kwenye seti: hakuna hata nukta moja inayong'aa ndani ya picha. Giza huonekana giza likiwa karibu na mwanga. Picha ikiwa haina mwanga popote, mpiga picha atapandisha usikivu wa kamera, chengachenga zitaingia, na weusi utageuka kijivu.

Tiba ni taa zinazoonekana ndani ya picha yenyewe: taa ya mezani, televisheni iliyoachwa ikiwaka bila sauti, friji iliyofunguliwa, mstari wa mwanga chini ya mlango. Hizo ni samani, na ni wajibu wa mbunifu wa mandhari kuzipanga mapema pamoja na mpiga picha, si kuzitafuta saa nne usiku. Balbu za ndani ziwe za mwanga wa joto, yaani wa manjano, karibu kelvini 2700 (kelvini ni kipimo cha rangi ya mwanga), na mwanga wa dirishani uwe baridi zaidi, yaani wa kuelekea bluu, karibu 5600. Tofauti hiyo pekee inamwonyesha mtazamaji wapi ni ndani na wapi ni nje. Ukitaka mlango utishe, usiumulike. Mulika meza iliyo mbele yake, uuache mlango wazi.

Balbu ikimetameta kwenye picha, linganisha kasi ya shata, yaani muda ambao kamera hupokea mwanga kwa kila picha, na umeme wa mahali ulipo: 1/50 ya sekunde penye umeme wa hezi 50, na 1/60 penye hezi 60. Balbu za LED za bei ya chini humetameta zaidi zikipunguzwa kwa swichi. Ziache ziwake kikamilifu, kisha weka karatasi nyeusi ndani ya kifuniko cha taa, upande unaoitazama kamera. Usijaribu hivyo kwa balbu inayopata moto.

Kila kitu kinatangaza kwamba pana mzimu

Mafuvu. Mishumaa thelathini. Mdoli asiye na jicho. Maandishi mekundu ukutani na utando wa buibui kila mahali. Hii ndiyo dalili iliyoenea kuliko zote, na chanzo chake ni kimoja: seti imebuniwa kwa ajili ya aina ya filamu badala ya kubuniwa kwa ajili ya mtu. Nani aliiwasha mishumaa yote hiyo, na aliimaliza saa ngapi? Kama kuna mtu anaishi humo, mbona anakaa na utando usoni?

Toa vyote nje. Kisha andika ukurasa mmoja kuhusu mwenye chumba. Anafanya kazi usiku au mchana? Anaishi na nani, na zamani aliishi na nani? Ni chumba kipi ameacha kukitumia? Hapo ndipo urudishe vitu, kimoja kimoja, na kila kinachorudi kiwe kinajibu swali mojawapo.

Chukua mzee aliyefiwa na mkewe. Kitanda chake kimelaliwa upande mmoja. Upande wa pili shuka imenyooka na mto haujabonyea. Juu ya kabati kuna vumbi la miezi, kwenye redio vumbi, kwenye fremu za picha vumbi. Mlangoni kuna jozi ya viatu vya kike, vimepangwa sambamba, na havina vumbi hata chembe. Hakuna anayelisemea jambo hilo, wala kamera haivisogelei. Mtazamaji mwenyewe ataanza kujiuliza ni nani anayevifuta. Gharama ni jozi ya viatu vya kuazima.

Kanuni ninayoishikilia ni kwamba chumba kizima kiwe cha kawaida na kitu kimoja tu kiende kombo: kiti kinachotazama ukuta, pazia lililoshonwa katikati lisifunguke, komeo la chumba cha mtoto lililofungwa upande wa nje. Ukiweka vitatu vya namna hiyo kwa pamoja, vinanyang'anyana nguvu. Mwongozaji Oren Peli alipiga filamu ya Paranormal Activity (2007) ndani ya nyumba yake mwenyewe, kwa bajeti ya awali ya takriban dola 15,000. Kabla ya kuanza alipaka kuta upya na kuongeza samani na zulia, ili nyumba ionekane nyumba ya watu. Chumba cha kulala kwenye filamu hiyo kingeweza kuwa cha mtu yeyote, na ndiyo maana mlango ukisogea kidogo tu watu wanashtuka.

Utando wa buibui, kama huna budi, uvute mpaka ukaribie kutoweka, na uuweke pale ambapo buibui angeuweka: pembe ya dirisha, nyuma ya taa, chini ya ngazi. Haukai katikati ya mlango unaopitwa kila siku.

Vitu vinaonekana vimetoka dukani leo asubuhi

Wengi wanajua tatizo hili na wanalitibu vibaya. Wanachukua rangi ya kahawia, wanapulizia kila kitu sawasawa, na kamera inaona kitu kipya kilichopuliziwa rangi. Uchakavu hauji sawasawa. Una vyanzo vitatu vikuu, yaani mikono, maji na jua, na kila kimoja huacha alama mahali pake.

Tuchukue mlango mweupe. Ushike kitasa mara kadhaa, uangalie vidole vinagusa wapi. Sehemu hiyo ipitishe msasa laini mpaka kwenye ukingo wa mlango mbao ianze kuonekana. Chukua rangi ya kahawia iliyokoza, sehemu moja kwa maji sehemu kumi, paka kwa brashi pana, hesabu mpaka tano, kisha futa kwa kitambaa kikavu. Uchafu utabaki kwenye mifereji na pembe na kutoka kwenye sehemu zilizo wazi, na ndivyo uchafu wa kweli unavyokaa. Rudia mpaka uonekane umezidi kidogo machoni, kwa sababu taa zitaupunguza. Chini, pale mguu unaposukuma, weka alama nyeusi za soli. Kama nyumba ina mbwa, kwaruza kwa msumari kwenye urefu wa mguu wake wa mbele. Nyumba ikiwa na mtoto mdogo, alama za vidole ziishie kwenye urefu wa kiuno cha mtu mzima.

Maji hushuka, kwa hiyo michirizi ianzie chini ya dirisha au kwenye kona ya dari na ielekee sakafuni. Jua hupausha. Ukuta uliopauka wenye mraba mmoja uliobaki na rangi yake ya zamani unamwambia mtazamaji kwamba picha imeondolewa hapo, bila mazungumzo yoyote.

Nguo nazo ni sehemu ya mandhari. Kola, viwiko, magoti na mdomo wa mfuko ndivyo huchakaa kwanza.

Kitu halisi kilichotupwa karibu kila mara hukishinda cha bandia. Robert Burns, aliyebuni mandhari ya filamu ya The Texas Chain Saw Massacre (1974), alitumia mifupa halisi ya wanyama, na ukiitazama nyumba ile unaona kwa nini: hakuna mifupa miwili inayofanana, na rangi yake haiko sawa popote. Ila kitu kilichokuwa na uhai kisafishwe na kukaushwa kabla hakijaingia chumba kilichofungwa chenye taa za moto. Vumbi la kupamba lichekeche taratibu waigizaji wakiwa nje, ukiwa umevaa barakoa. Unga wa aina yoyote usirushwe hewani karibu na mshumaa, kwa sababu unga ulioelea hewani unaweza kulipuka.

Damu inaonekana jemu

Kwanza tambua kasoro ni ipi, maana tiba zinatofautiana. Ikipenywa na mwanga na kung'aa kwa uwaridi, haina uzito wa rangi. Ikining'inia bila kushuka, ni nzito mno. Ikiwa na wekundu uleule toka tukio la kwanza mpaka asubuhi ya pili, umesahau kwamba damu hukauka.

Msingi wa kawaida ni shira nzito na rangi nyekundu ya chakula. Ongeza unga wa kakao kijiko kimojakimoja, uliokorogwa kwanza na maji kidogo ili usiache madonge, mpaka damu ifiche kucha yako ukichovya kidole. Tone moja au mawili ya bluu huua uwaridi. Maji huirahisishia mwendo: damu ya jeraha bichi hukimbia, haijivuti. Kisha ipeleke seti, idondoshe kwenye kipande cha nguo itakayovaliwa, na uitazame kupitia kamera chini ya taa za tukio hilo. Chini ya mwanga wa bluu, nyekundu hukaribia nyeusi, kwa hiyo punguza kakao. Chini ya balbu za joto huelekea chungwa, kwa hiyo ongeza bluu. Chupa moja kwa filamu nzima haitoshi. Ya matukio ya baadaye iwe ya kahawia, na ukingo wa doa uwe mweusi kuliko katikati.

Night of the Living Dead (1968) ilitumia shira ya chokoleti kwa damu, na ilifaa kabisa, kwa sababu filamu ilikuwa ya rangi nyeusi na nyeupe na kilichohitajika kilikuwa uzito wa kivuli. Kamera ndiyo inayoamua damu ifananeje. Rangi ya ndani ya chupa si kipimo.

Damu ina mwelekeo vilevile. Fuata jeraha lilipo na mwili ulivyokaa, uone ingeshukia wapi. Alama moja ya kiganja iliyoburutwa kwenye fremu ya mlango, kwenye urefu wa mtu aliyepiga magoti, inasimulia zaidi ya ndoo iliyomwagwa ukutani.

Rangi ya chakula hung'ang'ania ngozi, chokaa na vitambaa vya pamba, kwa hiyo ijaribu mahali palipojificha kwanza. Sabuni ya maji kidogo ndani ya damu ya nguo hurahisisha kufua, lakini chupa hiyo iandikwe wazi na isikaribie mdomo wa mtu. Shira sakafuni huteleza. Kausha mahali mwigizaji atakapokanyaga hata kama kamera inapaona. Na nguo ya kila anayejeruhiwa iwe tatu: safi, yenye damu mbichi, yenye damu kavu. Ukiwa na moja tu, matukio yote ya nguo safi yapigwe kwanza bila kujali ratiba inasemaje.

Watu wanachanganyikiwa badala ya kuogopa

Umepiga tukio la kukimbizana, kasi ipo, sauti ipo, na watazamaji wa majaribio wanauliza, "Hapo alikuwa wapi?" Mtazamaji asiyejua mlango uko umbali gani na mhusika hawezi kumwogopea. Lawama hupewa mhariri, lakini chanzo ni vyumba vinavyofanana, au nyumba mbili tatu tofauti zilizounganishwa kuwa moja.

Chora ramani ya nyumba ya kwenye hadithi, hata kama haipo duniani. Kila sehemu ipe alama moja inayoonekana kutoka pembe nyingi: taa ya kijani mwisho wa korido, zulia jekundu ngazini, saa kubwa jikoni. Mwombe mwongozaji apige mapema, wakati bado kuna utulivu na mwanga, picha moja isiyokatwa ya mhusika akitoka jikoni mpaka mlango wa mbele. Ikifika usiku, taa ya kijani pekee itatosha kumkumbusha mtazamaji kwamba zimebaki hatua kumi.

Kwa nyumba tofauti, fungua kitasa cha nyumba ya kwanza ukifunge kwenye mlango wa nyumba ya pili. Paka fremu za milango yote miwili rangi moja. Jicho hulikubali unganisho la namna hiyo haraka ajabu.

Kiumbe kinachekesha kikionekana

Kimeonekana mno, au kimemulikwa kutoka mbele. Hamishia taa nyuma yake ili umbo lionekane kabla ya sura. Paka weusi kuzunguka macho ya mwigizaji chini ya kinyago, vinginevyo ngozi yake itaonekana kwenye matundu. Ficha shingo, maana maungio huko ndiko yanakojisaliti. Lateksi kavu huonekana mpira; jeli kidogo ya kung'aa huipa uhai. Na kama mikono imetengenezwa vizuri kuliko uso, onyesha mikono.

Urahisi si udhaifu. Kinyago cha muuaji katika filamu ya Halloween (1978) kilikuwa cha Kapteni Kirk, mhusika wa Star Trek, kilichonunuliwa dukani, kikapakwa rangi nyeupe, kikapanuliwa matundu ya macho na kubadilishwa nywele. Kilichotisha ni kwamba sura ilifutwa, na mtazamaji hana pa kusoma nia.

Kasoro ndogo zinazovunja imani

Barua ya zamani iliyo kwenye karatasi nyeupe mno: ichovye kwenye chai, ikauke ikiwa imekunjwa, na iandikwe yote mpaka mwisho, kwa sababu watu husimamisha picha wakasoma. Plastiki uliyotandaza chini ya zulia itapiga kelele kwenye maikrofoni, kwa hiyo tembea juu yake kabla fundi sauti hajafika. Mshumaa uliokuwa mrefu mwisho wa tukio na mfupi mwanzoni: kata mishumaa ya urefu tofauti mapema, andika namba chini ya kila mmoja, na piga picha ya meza kwa simu kila kamera inaposimama.

Fedha zimeisha na bado kuna matukio

Chanzo karibu kila mara ni kugawa fedha sawasawa. Pitia mswada uhesabu kila mahali patachukua dakika ngapi za filamu. Mahali penye dakika ishirini na mahali penye sekunde kumi hapastahili bajeti moja. Kwenye filamu ya Saw (2004), choo wanamofungiwa wahusika wakuu ndicho seti pekee iliyojengwa. Sehemu nyingine zilikuwa vyumba vilivyokuwepo, vikabadilishwa. Kwa Halloween, iliyopigwa majira ya kuchipua huko California huku hadithi ikiwa ya majira ya kupukutika, majani yalipakwa rangi, yakamwagwa barabarani, kisha yakaokotwa na kutumika tena kwenye tukio lililofuata.

Mwombe mwongozaji mpangilio wa picha, si mswada peke yake. Siku ya kujaribu kamera, bandika selotepu ya karatasi sakafuni pale picha ya kamera inapoishia kushoto na kulia. Usipambe nje ya mistari hiyo. Akitaka kuhamisha kamera baadaye, mwonyeshe mistari na mweleze itagharimu nini.

Usikate fedha za usalama ili kuongeza mapambo. Kisu cha mpira kwa matukio ya mwendo na kisicho na makali kwa picha za karibu. Mishumaa ya kweli iwe mbele tu, ya betri nyuma, na mtu mmoja akae na kizima moto bila kupewa kazi nyingine. Majirani na polisi wajulishwe kabla ya usiku wa kupiga picha zenye silaha za bandia na mayowe. Nyumba ikiwa ya kuazima, piga picha kila ukuta, kila tundu la msumari na kila doa kabla hujashusha mzigo, na mwenye nyumba asaini kwamba amekubali mabadiliko yapi na yapi yatarudishwa kama yalivyokuwa.